Aliyenipangisha naye ni mpangaji: je, mwenye jumba anaweza kunitoa?

Swali: Mimi ni fundi cherehani hapa Bondeni, Nakuru. Tangu Januari 2022 nashona sare za shule katika nusu ya duka ambalo mzee mmoja, muuza vipuri vya baiskeli, amelipanga lote. Hatukuandikiana. Nilimpa gudwili, yaani pesa za kupewa nafasi, ya Sh 80,000 na dipoziti ya miezi miwili, na kila mwezi namtumia Sh 12,000 kwa M-Pesa. Jumatatu nimekuta karatasi imebandikwa mlangoni, imetiwa saini na ajenti wa mwenye jumba. Inasema mzee anadaiwa kodi ya miezi mitano, tena hakuwa na ruhusa ya kunipangisha, hivyo sote tuondoke ndani ya siku 14. Mwaka jana mzee alipolazwa hospitalini, keateka alinijia mara mbili nikamlipa yeye kodi, akanipa risiti. Shule zinakaribia kufunguliwa na nina vitambaa vya watu. Je, nina haki yoyote, au mimi ni mgeni wa mgeni?

Jibu:

Dada yangu, usifungashe. Karatasi hiyo peke yake, ikiwa ni kama ulivyoieleza, haina nguvu ya kukutoa dukani baada ya siku 14. Nimeanza na hilo kwa sababu katika kazi yangu ya uwakili, Nakuru na Kisumu, nimeona wafanyabiashara wengi wakihamishwa na woga kuliko wanaohamishwa na amri ya mahakama. Mtu akishatoa mashine zake kwa mikono yake mwenyewe, kumrudisha ndani ni kazi nzito.

Hata hivyo sitakuambia kwamba uko salama kabisa. Swali lako lina mambo mawili ambayo watu huyachanganya: haki yako mbele ya mzee aliyekupangisha, na haki yako mbele ya mwenye jumba. Ya kwanza ni imara. Ya pili inategemea kama mwenye jumba aliujua na kuukubali upangaji wako. Ndiyo maana zile risiti mbili za keateka, ulizozitaja kwa kupita tu, ndizo zilizonifanya niisome barua yako mara ya pili.

Biashara kama yako iko chini ya Sheria ya Wenye Nyumba na Wapangaji wa Maduka, Hoteli na Mikahawa, Sura ya 301, iliyotungwa mwaka 1965. Neno duka humo ni pana: ni mahali panapotumika hasa kwa biashara ya rejareja au ya jumla, au kwa kutoa huduma kwa malipo. Fundi cherehani yumo, kinyozi yumo, mwenye saluni yumo. Upangaji unaolindwa ni ule usioandikwa kabisa, ule ulioandikwa kwa muda usiozidi miaka mitano, na ule wa muda mrefu zaidi lakini wenye kipengele cha kuuvunja ndani ya miaka mitano ya mwanzo bila mtu kuwa na kosa. Umeandika "hatukuandikiana" kama mtu anayeungama kosa. Kumbe hilo ndilo linalokuingiza ndani ya ulinzi.

Kifungu cha 2 cha sheria hiyo kinasema wazi kwamba mpangaji ni pamoja na yule aliyepangishwa na mpangaji mwenzake. Tumwite mpangaji mdogo. Mwenye nyumba naye, kwa maana ya sheria hii, si lazima awe ndiye mwenye hati ya kiwanja. Ni yule anayestahili kupokea kodi kutoka kwako. Kwa hiyo kwako wewe mzee ndiye mwenye nyumba, japo yeye mwenyewe ana mwenye nyumba wake. Hawezi kukubadilishia kufuli kwa sababu amepata mtu wa kutoa zaidi. Hawezi kukupandishia kodi kwa maneno ya mdomo. Akitaka utoke, au akitaka kubadilisha sharti lolote, lazima akupe ilani kwa fomu iliyowekwa na sheria, yaani Fomu A. Akitaka utoke, ilani hiyo itaje sababu miongoni mwa zile za kifungu cha 7, nayo haianzi kufanya kazi kabla ya miezi miwili tangu uipokee. Mahakama ya Rufaa ilikwisha kusema, katika kesi iliyotoka Diani huko pwani, kwamba utaratibu huu ni wa lazima. Ilani isiyoufuata haivunji upangaji.

Tupande sasa ngazi ya juu, kwa mwenye jumba.

Yeye na mzee wana upangaji wao. Ikiwa nao haukuandikwa, au uliandikwa kwa miaka mitano au pungufu, basi mzee naye analindwa na sheria ileile, na siku 14 za karatasi ya mlangoni hazimtoi hata yeye. Mwenye jumba anazo sababu mbili anazoweza kuzitumia dhidi yake. Ya kwanza ni kodi: mpangaji akikaa miezi miwili baada ya kodi kufika bila kulipa, au akiwa na tabia ya kuchelewesha kila mara, hiyo ni sababu halali ya kumtoa. Miezi mitano ni deni la kumwumiza. Ya pili ni kuvunja masharti, na hapo ndipo unapoingia wewe. Sheria ya Ardhi ya 2012 inaweka ndani ya kila mkataba wa upangaji, hata kama hamkulitaja, sharti kwamba mpangaji hatampa mtu mwingine sehemu wala yote bila idhini ya maandishi ya mwenye nyumba. Sheria hiyohiyo inamtaka mwenye nyumba asiinyime idhini hiyo bila sababu ya maana, lakini lazima iwe imeombwa kwanza. Nina shaka kama mzee wako aliwahi kuiomba.

Hapa ndipo jibu la swali lako la mgeni wa mgeni lilipo. Mahakama zetu, pamoja na Baraza la Kodi za Majengo ya Biashara linaloamua migogoro ya maduka, zimekuwa zikisema kwamba mpangaji mdogo aliyeingizwa kwa siri hana uhusiano wa upangaji na mwenye jumba, na bila uhusiano huo ulinzi wa Sura ya 301 haumkingi dhidi ya mwenye jumba huyo. Upangaji wa mzee ukivunjwa kihalali, wako unaanguka nao. Lakini ikiwa mwenye jumba alikubali, au alijua kisha akajifanya kama amekubali, hesabu ni nyingine. Mtu hawezi kupokea kodi ya mkono wako leo, kesho akasema hakujui.

Keateka ni mtu wa nani? Kama ameajiriwa na mwenye jumba au na ajenti wake, na kazi yake ni pamoja na kukusanya kodi, alichokipokea kimepokelewa na mwenye jumba. Angalia risiti zile kwa makini. Zina muhuri wa ajenti? Zimeandika jina lako au la mzee? Zimeandika "kodi" na mwezi gani? Risiti iliyoandikwa jina lako na neno kodi ina uzito mkubwa. Iliyoandikwa jina la mzee, mwenye jumba atasema ulikuwa unamlipia mgonjwa deni lake kwa wema tu, na hilo si neno la kupuuzwa. Hapo utahitaji kujazia: ujumbe wa simu kati yako na keateka, bango lako lililoko nje miaka yote hii ambalo ajenti hulipita kila anapokuja, leseni ya biashara ya kaunti yenye jina lako na anwani ya jengo hilo, majirani waliomwona mwenye jumba akija kupimwa suti. Vitu vidogo hivi vikikusanywa pamoja ndivyo vinavyoshinda.

Kuna jambo jingine katika kifungu cha 7 ambalo mawakili wengi hulipita. Mojawapo ya sababu zilizotajwa humo ni ya jengo lililopangishwa vipandevipande na mpangaji mkuu: mwenye jumba anaweza kuomba kipande kirudi ikiwa ataonyesha kwamba kodi ya vipande ikijumlishwa ni ndogo sana kuliko ambayo angepata kwa kulipangisha jengo zima. Sikutajii hili kwa sababu linakuhusu moja kwa moja. Linaonyesha kwamba waliotunga sheria hii walijua mpangaji mdogo wa sehemu ya jengo yupo, na wakamwekea utaratibu wake wa kutolewa.

Sasa nakuomba usome aya hii mara mbili. Karatasi uliyoiona huenda si ilani ya kwanza. Huenda mzee alipewa Fomu A miezi mitatu iliyopita, akaiweka mfukoni akanyamaza kwa aibu ya deni. Anayepokea ilani hupewa mwezi mmoja wa kujibu kwa maandishi kama anakubali au anakataa, na akitaka kuipinga lazima apeleke shauri barazani kabla ya tarehe iliyotajwa kwenye ilani. Akishapeleka, ilani inasimama mpaka Baraza liamue. Asipofanya hivyo, ilani inapata nguvu, na utetezi uliokuwepo unaweza kupotea kimyakimya. Kwa hiyo leo, si kesho, kaa na mzee umuulize bila ugomvi: umepewa fomu yoyote? Tarehe gani? Uliijibu? Mpigie picha kila karatasi aliyonayo. Najua una hasira naye, na una haki ya kuwa nayo, lakini kwa wiki hizi mbili mzee ni shahidi wako.

Ikiwa hakupewa Fomu A, mko pazuri na mnaweza kwenda pamoja. Ikiwa alipewa na tarehe haijafika, yeye apeleke pingamizi lake nawe upeleke malalamiko yako. Ikiwa tarehe imepita, usikate tamaa. Nenda peke yako na hoja yako iwe ile ya kwamba mwenye jumba alikukubali, kwa hiyo nawe ulistahili ilani yako mwenyewe.

Pa kwenda ni Baraza la Kodi za Majengo ya Biashara, lile ambalo mahakamani hulitaja kwa herufi BPRT. Husikiliza mashauri hapa Nakuru na Kisumu pia. Kifungu cha 12 kinalipa mamlaka ya kuchunguza malalamiko ya mpangaji au ya mwenye nyumba, na kuamua kama upangaji ni ule unaolindwa au la. Utapeleka malalamiko pamoja na ombi la dharura la kuzuia usitolewe mpaka usikilizwe, ukiambatisha kiapo chenye risiti, taarifa ya M-Pesa ya tangu Januari 2022, leseni, na picha ya ile karatasi. Taarifa za simu ukizichapisha, ziwe na hati ya uthibitisho inayotakiwa na kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi. Nimeona ushahidi mzuri wa M-Pesa ukiwekwa kando kwa kukosa ukurasa huo mmoja. Usingoje siku ya 13. Amri ya kuzuia hupatikana kwa urahisi zaidi ukiwa bado ndani.

Uliza pia kama mzee aliwahi kukupa daftari la kodi. Sheria humtaka mwenye nyumba aweke daftari hilo, ampe mpangaji nakala, na kila malipo na kila matengenezo yaandikwe humo. Karibu hakuna anayefanya hivyo. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na upangaji ni mali. Kama hakukupa, anza lako mwenyewe leo kwa tarehe na nambari za M-Pesa.

Kodi ya mwezi huu je? Wengi hapa huacha kulipa, wakisema "tusubiri kesi iishe". Usifanye hivyo, kwa kuwa utakuwa umempa mwenye jumba sababu ambayo hakuwa nayo dhidi yako. Usilipe pande mbili pia. Ikiwa ajenti anataka umlipe yeye moja kwa moja, mwambie aandike barua, kisha ulipe kwa njia yenye rekodi, risiti iwe na jina lako, na umjulishe mzee kwa ujumbe wa simu. Malipo ya namna hiyo ni dhahabu kwa hoja yako ya kukubaliwa. Wakigombea pesa hizo, ziweke akiba bila kuzigusa, na katika ombi lako liombe Baraza liamue zilipwe kwa nani.

Kuhusu mashine na vitambaa vya wateja, deni la kodi ni la mzee, si lako. Chini ya Sura ya 301 mwenye nyumba hakamati mali kwa ajili ya kodi bila kibali cha Baraza, na anayekamata lazima awe dalali mwenye leseni. Lakini dalali akiingia duka ambalo nusu ni vipuri na nusu ni sare, hatajua mpaka uko wapi. Andika orodha ya kila kilicho chako, cherehani kwa nambari zake, ovaloki, robota za vitambaa, pamoja na sare za wateja kwa majina yao. Ambatisha risiti za kununulia ulizonazo. Peleka nakala kwa ajenti akusainie kwamba ameipokea, na akikataa kusaini, mtumie pia kwa simu. Barua hiyo huokoa siku nyingi za kukimbizana na dalali.

Wakikata stima au maji, au wakifunga choo, hilo nalo limekatazwa. Kifungu cha 4 kinalinda si nafasi tu bali huduma ambazo mpangaji amekuwa akizipata, na mwenye nyumba haruhusiwi kumsumbua mpangaji kwa makusudi ili ahame. Piga picha na uripoti kituo cha polisi upate nambari ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha polisi. Polisi watakuambia "hiyo ni kesi ya madai". Waambie unataka tu tukio liandikwe.

Nikupe sasa maoni yangu ya wazi. Ikiwa risiti za keateka ni nzuri, ningeipigania nafasi hiyo. Ikiwa ni dhaifu na mzee kweli aliipuuza Fomu A, kuna uwezekano mkubwa mwenye jumba ashinde. Hapo ungetumia muda uliobaki kujadiliana naye moja kwa moja. Wenye majumba wengi hawana ugomvi na fundi anayelipa kila mwezi. Ugomvi wao ni wa mtu wa kati. Mwambie uko tayari kuandikiana naye kwa nusu hiyo, au kwa duka lote kama unaliweza. Usikubali tu kuibeba miezi mitano ya mzee kama sharti la kuingia. Akikataa kabisa, muombe muda hadi msimu wa sare upite, na mkubaliane kwa maandishi yatakayowekwa barazani.

Na pesa zako kwa mzee zidai. Dipoziti ni yako ikiwa hukuharibu wala hudaiwi. Gudwili ina ubishi zaidi, kwa sababu hapa mjini kila mtu ana maana yake ya neno hilo, lakini mtu aliyepokea Sh 80,000 akupe nafasi ambayo hakuwa na ruhusa ya kuitoa ana la kujibu. Jumla yako ni kama Sh 104,000, kwa hiyo Mahakama ya Madai Madogo inakutosha: inasikiliza madai yasiyozidi Sh 1,000,000, sheria yake ya 2016 inataka shauri liishe ndani ya siku 60, na huhitaji wakili.

Nimalizie na wengine watakaosoma haya wakidhani yanawahusu. Kibanda cha kaunti hakimo. Upangaji ambao serikali au kaunti ni mmoja wa wahusika uko nje ya Sura ya 301, kwa hiyo mama aliyempangisha mwenzake kibanda chake cha soko Kibuye au Wakulima asije akategemea Fomu A na miezi miwili dhidi ya kaunti. Mkataba ulioandikwa wa zaidi ya miaka mitano usio na kipengele cha kuuvunja mapema nao haumo. Nilimpokea kinyozi wa Kondele ambaye aliyempangisha alikuwa na mkataba wa miaka saba wa namna hiyo. Alikuwa ameshapoteza miezi barazani, shauri likatupwa kwa kukosa mamlaka, kisha ndipo akaja kwangu. Kwa mikataba hiyo inayotumika ni Sheria ya Ardhi, ambapo mwenye nyumba hutoa ilani isiyopungua siku 30 kabla ya kuufuta mkataba kwa kosa la mpangaji, mkataba ukifutwa upangaji mdogo kwa kawaida huanguka nao, na nafuu huombwa katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi au kwa hakimu mwenye mamlaka hayo. Kwa hiyo dada, katika yale utakayomuuliza mzee leo, usisahau kumuuliza kama yeye na mwenye jumba waliandikiana, na kwa miaka mingapi. Akikuonyesha karatasi, tazama kwanza kipengele cha muda, kisha cha kupangisha tena, uvipige picha vyote viwili kabla hujarudi kwenye cherehani.